Barua ya wazi kwa wakurugenzi wa Mtwara na Lindi: na tuliokosa tupeni karatasi

Kwa Wakurugenzi Watendaji wa halmashauri za Mtwara na Lindi,
kwa maafisa utumishi na maafisa ustawi wa jamii,
na kwa yeyote anayekaa upande wenye viti vya foronya kwenye chumba cha usaili.

YAH: AJIRA ZA WALEZI KATIKA VITUO VYA KULELEA WATOTO WADOGO MCHANA

Shikamooni kwa mlionizidi umri, na wengine salaam.

Husika na kichwa cha habari hapo juu. Barua zinazoanza hivyo nimeandika nyingi, na kila moja niliifunga pamoja na nakala ya cheti cha kuzaliwa, cheti cha kidato cha nne, cheti cha mafunzo ya malezi, picha mbili ndogo na jina la mdhamini. Hii haina kiambatisho. Siombi kazi. Kazi niliiomba mwaka jana, nikaitwa kwenye usaili, nikakosa, na mpaka leo hakuna mtu aliyeniambia kwamba nimekosa. Nilijiambia mwenyewe, asubuhi moja, nilipomwona mwenzangu ana kitambulisho shingoni anafungua geti la kituo.

Halmashauri yenyewe siitaji. Kuna woga ndani yake, sikatai: nafasi zijazo zitatangazwa na ofisi ile ile, na mimi bado nataka kula. Lakini kila ninapoongea na walezi wenzangu, wa huku Mtwara na wa Lindi, naona ukibadilisha jina la halmashauri hadithi inabaki palepale. Kwa hiyo kila mkurugenzi aisome kama ameandikiwa yeye. Asiyehusika atajijua.

Niseme kwanza kazi hii ni ya nini, maana kuna wanaodhani mlezi wa kituo ni dada wa kazi aliyepewa sare. Korosho zikianza kudondoka, mama yuko mkorosho hadi mkorosho, ameinama toka alfajiri. Mtoto wa miaka miwili hawezi kukaa mgongoni kutwa nzima kwenye jua lile, na ukimweka chini ya kivuli kuna siafu, kuna nyoka, kuna mabibo anayoyala hadi tumbo linauma. Zamani alibaki kwa bibi. Sasa bibi naye anatafutwa aende kuokota. Anabaki na dada yake wa darasa la tatu, na dada huyo shuleni haonekani mpaka minada ya Oktoba ichangamke. Hapa mjini ni yaleyale bila mikorosho: mama wa mihogo, mama wa dagaa, binti anayebangua korosho kwa kipande, wote wana mtoto chini ya meza. Kituo kilipofunguliwa jirani na soko, watu walipumua.

Na Serikali yenyewe imeshasema kwamba hilo si jambo la huruma. Sheria ya Mtoto, Na. 21 ya mwaka 2009, inavitambua vituo vya kulelea watoto mchana na kutaka visajiliwe. Desemba 2021 ikazinduliwa Dodoma ile programu ya taifa ya malezi, makuzi na maendeleo ya awali ya mtoto, PJT-MMMAM, inayomtazama mtoto tangu tumboni hadi miaka minane na kutaja mambo matano: afya, lishe, ujifunzaji wa awali, malezi yenye mwitikio, ulinzi na usalama. Hayo malezi yenye mwitikio nimeyasikia kwenye semina mara nyingi kuliko nilivyosikia adhana. Maana yake ni kwamba mtoto akikuita uitike. Nitarudi hapo.

Nafasi zilikuwa mbili, za mkataba wa mwaka mmoja. Tangazo lilibandikwa kwenye ubao wa kata, limekula nusu ya tangazo la chanjo ya kuku. Sifa: raia wa Tanzania, umri usiozidi miaka 45, kidato cha nne, cheti cha malezi kutoka chuo kinachotambuliwa na Serikali. Mwisho kabisa: "awe na moyo wa kupenda watoto." Mstari huo nilisoma nikacheka, kisha nikaacha kucheka. Moyo una alama ngapi? Nani ataupima, na kwa kipimo gani? Na mimi niliyelea watoto wa watu miaka kumi na moja, minne kati ya hiyo kwa kujitolea, kujitolea kwangu kuna alama au ni sadaka? Tangazo halikusema.

Siku ya usaili tulikaa barazani, kwenye mabenchi matatu, mkoba mapajani, bahasha juu ya mkoba. Mmoja wetu alikuja na mtoto wa kunyonya kwa sababu hakuwa na pa kumwacha (wakubwa, naomba hilo mlitafakari kidogo: usaili wa walezi wa watoto, na msailiwa hana wa kumlelea). Karani akamwambia, "Mwenye mtoto asogee kule." Akasogea kule, karibu na pikipiki. Baadaye kidogo mtoto akaanza kulia. Benchi zima tuliinua vichwa kwa pamoja, na mwanamke mmoja mtu mzima, wala simjui jina, akasema bila kuinuka: "Huyo hana njaa, ana usingizi. Mgeuze asione watu." Mama akamgeuza, mtoto akalala. Wasaili walikuwa ndani. Mlango ulikuwa umefungwa kwa ajili ya feni.

Nikaitwa. Wajumbe wanne. Nikaulizwa Muungano ulikuwa mwaka gani, nikasema 1964. Nikaulizwa makao makuu ya Umoja wa Afrika, nikasema Addis Ababa. Nikaulizwa maana ya utawala bora, nikasema nilichokumbuka. Kisha mjumbe mmoja, kwa sauti ya upole kabisa kama anamwuliza mdogo wake, akasema: "Na wewe una mpango wa kuongeza mtoto karibuni? Maana hizi kazi mkishaanza kliniki..."

Nikajibu kwamba wa mwisho yuko darasa la sita. Wakaandika. Sijui waliandika nini.

Hakuna aliyeniuliza nitafanya nini mtoto akipaliwa na korosho, jambo ambalo limeshanipata mara mbili. Hakuna aliyeuliza mwanamume nisiyemfahamu akija saa kumi kumchukua mtoto na kusema ni baba mdogo, ninamkabidhi au simkabidhi. Hakuna aliyeuliza mtoto anayeng'ata wenzake anafanywa nini, au mama asipotokea hadi saa mbili usiku nafunga kituo na kwenda na mtoto kwangu au namsubiri pale. Hakuna aliyeuliza mtoto akija Jumatatu ana alama ya mkanda mgongoni naanza na nani. Maswali kama hayo hayataki mtu mwenye moyo. Yanataka mtu anayejua. Na uzuri wake yana majibu, unaweza kuyapa alama, na wasaili wanne wakiyapa alama kila mtu kivyake hawatatofautiana sana.

Wiki tatu baadaye orodha ikabandikwa. Majina mawili, muhuri, sahihi. Hakuna alama, hakuna tarehe, na hakuna neno lolote kwa wengine. Nilikwenda ofisini. "Walioitwa ndio hao." Na wengine? "Wengine watulie, nafasi zikitokea." Nilikuwa wa ngapi? "Hatutoi hiyo."

Sasa nataka nielewekwe vizuri. Inawezekana kabisa nilishindwa kihalali. Labda utawala bora niliueleza vibaya. Labda yule mama wa benchini alistahili kutuzidi sote. Sina ushahidi wa rushwa, wala simfikirii mtu vibaya kwa sababu tu kapata nilichokosa. Ila sijui. Na mkiniacha sijui, mtaa unajua kwa niaba yangu. Ndani ya siku mbili soko zima lilikuwa limeshaamua kwamba yule binti aliyepata ni mtoto wa dada wa fulani, mwingine ana mtu wake mkoani. Binti mwenyewe nilikutana naye kwenye daladala. Aliniambia, bila mimi kumwuliza, "Dada, mimi nilijibu vizuri." Nikamwambia, "Najua, mwanangu." Sikujua. Nilisema tu kwa sababu niliona macho yake. Kama alama zingekuwa ubaoni, yeye asingekuwa na haja ya kunieleza, na mimi nisingekuwa na haja ya kumdanganya.

Nikaenda kwa msaidizi wa kisheria, mama mmoja ambaye watu wa mtaani kwetu humpelekea kila kitu, kuanzia mirathi hadi mbuzi waliokula mchicha. Tangu Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 kazi yao inatambulika rasmi. Akafungua daftari la mraba, akachora mistari, akaanza kuniuliza.

"Unataka kwenda Tume ya Utumishi wa Umma? Wao hupokea rufaa za watumishi. Wewe ni mtumishi?"

"Sasa mama, ningekuwa mtumishi ningekuja kwako?"

Akakata mstari wa kwanza. Wa pili ulikuwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile ya migogoro ya kazi. Hapo nilijifunza kitu ambacho hata maafisa utumishi wengine nadhani hawakijui, kwa namna wanavyouliza maswali. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Na. 6 ya 2004, kifungu cha 7, inakataza ubaguzi kazini, na katika kifungu hicho mwombaji wa kazi anahesabiwa kama mwajiriwa. Tangazo, vigezo, usaili, vyote vimo. Na miongoni mwa mambo ambayo mtu hapaswi kubaguliwa kwayo yameandikwa ujauzito, hali ya ndoa na majukumu ya familia. Kwa hiyo lile swali la upole la kuongeza mtoto si la upole. Ila mlalamikaji anatakiwa kupeleka shauri ndani ya siku 60, na akifika huko aeleze kwamba swali lile ndilo lililomkosesha kazi. Nitaelezaje, na karatasi ya alama sijaiona? Labda nilipata alama nzuri kuliko wote wakazikata kwa sababu ya kliniki. Labda nilipata mbaya na kliniki haikuhusika.

Mstari wa tatu ulikuwa Mahakama Kuu, ile ya hapa Mtwara. Ukitaka kupinga uamuzi wa mamlaka ya umma kwa njia ya mapitio ya mahakama, unaomba kwanza ruhusa, na ruhusa hiyo inaombwa ndani ya miezi sita tangu uamuzi ulipotolewa. Ukipewa ndipo unaleta maombi yenyewe. Mama akauliza, "Uamuzi uko wapi?" Nikasema ulikuwa ubaoni. "Una tarehe gani?" Hauna. "Uliupiga picha?" Simu yangu ni ya kitochi. "Twende tukautazame." Tulikwenda. Ulikuwa umebandikwa juu yake tangazo la mkutano wa hadhara, na kona iliyobaki ilikuwa imelowa.

Hapo ndipo ninapowaomba wakubwa msimame kidogo. Siku 60, miezi sita, zote zinahesabiwa kuanzia siku fulani. Asiyepewa jibu hana siku ya kwanza. Kama nikienda mapema nitaambiwa uamuzi haujakamilika, wengine watulie nafasi zikitokea. Nikitulia nitaambiwa nimechelewa. Na ningetaka kufungua kesi ya madai ya kawaida dhidi ya halmashauri, tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2020 nitoe kwanza notisi ya siku 90 na kumwunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Mimi na Mwanasheria Mkuu wa Serikali, kwa ajili ya nafasi ya kuwaogesha watoto! Mama alicheka mpaka akavua miwani.

Akanishauri njia ndogo. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa, Na. 6 ya 2016, inampa raia haki ya kuomba taarifa iliyo mikononi mwa ofisi ya umma, na ofisi ijibu ndani ya siku 30. Nikaandika, husika na kichwa cha habari hapo juu, nikaomba vitu viwili tu: alama zangu na vigezo vilivyotumika. Nikagongewa muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yangu. Nakala hiyo ninayo, ndiyo karatasi pekee yenye tarehe katika jambo hili lote, na ni ya kwangu mwenyewe. Siku 30 zilipita mvua za masika zikiendelea, barua ya kunijibu haikuja.

Nasikia mnasema: kwani sheria inatulazimisha kutoa sababu kwa kila aliyekosa kazi? Katiba yetu, ibara ya 22, inasema kila raia ana haki ya fursa sawa, kwa masharti ya usawa, kushika nafasi ya kazi iliyo chini ya mamlaka ya nchi. Masharti ya usawa nisiyoyajua nitayalindaje? Ibara ya 13 nayo inazungumzia haki ya kusikilizwa na ya kukata rufaa. Miaka ya 1990 kuna ofisa mmoja wa Serikali aliyeondolewa kazini kwa maneno "kwa manufaa ya umma" bila maelezo zaidi. Alikwenda Mahakama Kuu, na mahakama ikakataa kwamba maneno hayo yanatosha. Naelewa kwamba yule alikuwa kazini na mimi niko nje ya geti. Lakini kama mtu hafukuzwi bila sababu, sioni kwa nini akataliwe bila sababu na mlango ule ule.

Wala siwaombi jambo geni. Sekretarieti ya Ajira, pamoja na lawama zake zote, hutoa matokeo ya usaili wa mchujo kwa namba ya mtahiniwa na alama pembeni. Ukikosa kwa alama mbili unaona umekosa kwa alama mbili. Unanuna, unalala, kesho unanunua daftari. Kinachonishinda kuelewa ni kwa nini nafasi kubwa za kitaifa zinatoka na alama, halafu nafasi mbili za mkataba jirani na soko zinafichwa kama hirizi.

Nje ya nchi pia wamepitia haya. Italia vituo vya manispaa vya kulelea watoto viliwekewa sheria mwaka 1971, na Katiba yao ya 1948, ibara ya 97, inataka ajira ya umma ipatikane kwa mashindano. Kule jopo la usaili linatakiwa kuweka vigezo vya kutoa alama kwenye kikao chake cha kwanza, kabla halijaona kazi ya mtu yeyote. Aliyekosa anaweza kuomba kuona karatasi yake, na hata ya aliyemshinda, kwa sheria ya mwaka 1990. Akiona kuna kasoro ana siku 60 kwenda mahakama ya kiutawala ya mkoa wake. Sisemi tuwaige kwa kila kitu. Watu kule hushtakiana kweli kweli, na mahakama ikisimamisha orodha, walezi wanasubiri na watoto wanasubiri. Lakini angalau wanashtakiana juu ya karatasi. Sisi tunasengenyana juu ya hewa.

Lipo jambo jingine ambalo likiachwa litaoza. Siku ile barazani kulikuwa na msichana mwenye cheti cha Kisangara, kule Mwanga, Kilimanjaro. Alikuwa mpole, Kiswahili chake cha kaskazini. Alipoingia ndani, benchi likaanza: gesi ilipita tukaitazama, sasa hata kuwachamba watoto wetu tuletewe watu? Nilinyamaza, na kunyamaza kwangu kunanisumbua mpaka leo. Kifungu kilekile cha 7 kinachonilinda mimi na kliniki kinamlinda na yeye: kabila na mahali mtu alikotoka si kigezo. Tukianza kusema kazi za Mtwara kwa watu wa Mtwara, kesho watoto wetu walioko Arusha na Mwanza watarudishwa na basi la usiku.

Lakini benchi halikuwa limekosea lote. Mtoto wa miaka miwili anayetoka Nanyamba au Tandahimba kwa bibi yake hajui Kiswahili vizuri. Akitaka maji analia "medi." Wa Kiyao anasema "mesi." Asiyejua atampa uji, atambembeleza, atambadilisha nguo, na mtoto ataendelea kulia hadi alale na kiu yake. Malezi yenye mwitikio ndiyo hayo: mtoto ameita, nani ameitika? Sheria hiyohiyo inaruhusu kumpendelea mtu kwa sababu ya jambo ambalo kazi yenyewe inalidai. Basi liandikwe kwenye tangazo: mwombaji aweze kuelewana na watoto wanaozungumza lugha za nyumbani za eneo hili, na atapimwa. Yule msichana wa Kisangara akiwa amejifunza, apite. Mmakonde aliyekulia Temeke na hajui "medi" ni nini, asipite. Mkinyamaza kwenye tangazo halafu mkachagua kwa lugha kimoyomoyo, au mkachagua kwa ukoo na kusingizia lugha, hakuna atakayewaamini hata siku mkitenda haki.

Ninachoomba hakihitaji bajeti mpya wala safari ya Dodoma. Tangazo lioneshe alama zitagawanywaje: cheti kiasi gani, uzoefu kiasi gani, na kujitolea kunahesabiwa au hakuhesabiwi. Kama hakuhesabiwi semeni hivyo, tuache kujitolea tukauze barafu. Maswali ya usaili yawe ya kazi. Ikiwezekana nusu saa ya vitendo, mtu aingie chumbani na watoto wanane na wasaili wakae pembeni. Mtajua mengi kuliko mtakayojua kwa kuuliza habari za Addis Ababa. Mjumbe mwenye ndugu yake barazani atoke, na iandikwe kwamba ametoka. Swali la kuzaa lifutwe, mjumbe atakayeliuliza aambiwe na wenzake palepale. Matokeo yawekwe kwa namba, na alama, na tarehe. Na aliyekosa apewe karatasi yake, hata robo ukurasa: umepata kadhaa, aliyechukuliwa wa mwisho alipata kadhaa, usiporidhika andika kwa fulani ndani ya siku kadhaa.

Hilo la mwisho ndilo ninaloling'ang'ania kuliko yote. Mengine mkiyakosea, karatasi itaonesha yalipokosewa, na tutarekebishana. Nadhani pia mtapunguza watu wa mahakamani badala ya kuwaongeza. Mimi ningeoneshwa nimepata 48 na mwenzangu 71, mnadhani ningehangaika na mistari ya daftari la mraba? Ningeenda kusoma habari za utawala bora.

Na wale watakaokwenda mahakamani bado, waacheni waende. Mwenye karatasi anaanza kesi yake anapojua. Hata akishinda, mapitio ya mahakama hayampi kazi. Yanafuta uamuzi na mchakato unarudiwa. Nimelifikiria hilo sana. Leo nikishinda, yule binti wa daladala atavua kitambulisho, na watoto waliokwisha mzoea wataanza upya na sura nyingine. Kuna mtoto mmoja pale, mama yake anauza mihogo upande wa chini wa soko, ambaye alikuwa halali mchana mpaka umshike sikio. Mimi ndiye niliyemgundua, wakati wa kujitolea. Wiki iliyopita nilipita, nikachungulia dirishani, nikamwona binti amekaa sakafuni, amemshika mtoto sikio. Sijui nani alimwambia.

Basi sitaki kazi yake. Nataka alama zangu.

Nina miaka 41. Mkataba wa sasa ukiisha mtatangaza tena, nami nitaomba tena, na barua ya maombi nitaileta mwenyewe kwa mkono na kuomba muhuri kwenye nakala yangu. Ile ya kuomba taarifa bado iko kwenye faili lenu la masjala. Hamjaijibu, na sijaiondoa.

Nawasilisha.

Mlezi,
Mtwara.

Nakala: Ubao wa matangazo wa kata. (Tafadhali ibandikwe pembeni, isifunike tangazo la chanjo, na iandikwe tarehe.)